Usipeleke Word! (Jibu kwa anayetafuta fonti ya Juzuu Amma)

Mkuu, simama hapo hapo. Umeuliza fonti nzuri ya kuchapisha Juzuu Amma (juzuu ya mwisho ya Kurani) yenye tafsiri, karatasi na bei, halafu mwishoni unasema kesho unampelekea mchapaji faili la Word. Hiyo flashi iache nyumbani.

Mimi nilitumia zile fonti za Mujammaa wa Mfalme Fahd, kiwanda cha kuchapisha misahafu cha Madina, kwa hati ya mwandishi Uthman Taha. Ziko 604, kila ukurasa wa msahafu na fonti yake. Juzuu Amma ni ukurasa wa 582 hadi 604, fonti 23. Ambacho sikuambiwa ni kwamba ndani yake hamna herufi. Kila neno ni umbo moja, na hesabu inaanza upya kila ukurasa. Umbo la kwanza la 582 ni "Amma", la kwanza la 604 ni "Qul", na kwa kompyuta yana namba ile ile.

Kijana wa duka la uchapaji akaniambia, "Leta Word tu ustadhi, PDF inatusumbua." Alipoona fonti 23 akadhani nimevuruga. Akachagua maandishi yote, akayapa fonti ya 582 "yafanane". Yakafanana kweli! Vichwa vya sura nilivipachika kama picha, vikapona. Basi chini ya Suratul Ikhlas, kwa hati ya kupendeza: Amma yatasaaluun, maneno ya kwanza ya ukurasa wa 582! Suratul Asr? Amma yatasaaluun. Mimi niliangalia prufu nikasema mashaallah. Aliyegundua ni mtoto wa madrasa, miaka 8, vitabu vikiwa vimeshagawiwa.

Nakala 700. Na hayo si magazeti ufungie maandazi. Tulizikusanya, tukazichoma kwa adabu, majivu tukayafukia. Jirani akauliza tunamzika nani, nikamjibu: ada ya shule ya mwanangu. Na yule kijana mpaka leo anasema nilimletea faili bovu. Faili bovu! Mikono yake je?

PDF, mkuu, fonti zikiwa zimepachikwa humo ndani. Ifungue kwenye kompyuta isiyo na fonti hizo, hafidhi, yaani aliyehifadhi Kurani, aisome neno kwa neno. Mchapaji akisema PDF inamsumbua, aga uondoke. Ukitaka fonti yenye herufi halisi ipo Amiri Quran, ikibadilishwa angalau maneno yanabaki yale yale. Lakini hata hiyo, PDF.

Karatasi na bei waulize wengine. Mimi tangu siku ile sijachapisha hata kadi ya harusi.