Swali la lugha: Daraja la nuru hubomolewa au huzimwa?

SWALI: Ninaandika hadithi ya kubuni kuhusu mtambo unaoufanya mwanga uwe kitu cha kushikika, hata watu wakajengea kuta, ngazi na madaraja. Nimeuita "mwanga mgumu". Rafiki yangu anasema ni "nuru ngumu", na mwalimu mmoja amenisahihisha niandike "nuru imara". Lipi ni sahihi? Tena nina sentensi hii: "Alijenga daraja kwa mwanga mgumu, akavuka, kisha akalibomoa." Nahisi ina kasoro, ila sijui iko wapi.

JIBU: Umehisi sawasawa, na kasoro si moja.

Nianze na "imara", maana halina kazi kubwa. Nuru imara ni nuru isiyoyumba wala kufifia, kama ya taa nzuri. Mkono bado unapenya. Mwalimu wako amesahihisha sarufi iliyokuwa salama akaharibu maana.

"-gumu" ni jirani zaidi, lakini limebebeshwa mizigo mingi. Kuna jiwe gumu, swali gumu, moyo mgumu, na hata mtu mgumu ambaye hatoi senti yake. Msomaji anayekutana na "nuru ngumu" kwa mara ya kwanza hajui kama nuru hiyo inagongeka au ni ngumu kueleweka. Na ukimwongeza "mwanga", mambo yanachekesha. Mwanga ni kile kinachotoka kwenye jua na taa, lakini pia ni mchawi wa usiku, yule anayewanga. Kwa kawaida upatanisho wa ngeli hutuokoa, sababu wa kwanza wingi wake ni mianga na wa pili ni wanga. Katika umoja, hata hivyo, kivumishi huchukua m- kwa wote wawili. Kwa hiyo "mwanga mgumu" ni pande la mwanga au mchawi sugu, na utangoja hadi kitenzi kifike ndipo ujue: uliwazuia mlangoni, au aliwazuia mlangoni? Hadithi yako ikiwa na usiku mwingi na mitambo ya ajabu, sidhani unataka msomaji apigwe na wasiwasi huo kila ukurasa.

Ndiyo maana ningechagua nuru. Najua wapo wanaoiona kuwa neno la dini na la kusifia uso wa mtu, na ni kweli linatumika hivyo. Lakini sayansi nayo imelichukua zamani: wanaoandika habari za nyota husema mwakanuru, yaani umbali ambao nuru husafiri kwa mwaka mmoja, na hakuna anayedhani wanahubiri.

Sasa kivumishi. Vitabu vyetu vya sayansi vinapotaja hali za maada vina maneno mawili kwa kitu kisicho kimiminika wala gesi: yabisi na mango. Mango ni neno ninalolipenda, kwa kuwa asili yake ni lile jiwe gumu la mviringo la kupondea na kusugulia, kwa hiyo uzito wake unausikia mkononi. Bahati mbaya, msomaji aliyezoea Kiingereza ataona maembe yanayong'aa. Yabisi lina tatizo dogo tu, kwamba wengi wanalijua kutokana na baridi yabisi, ugonjwa wa maungo. Hata hivyo linaeleweka, na kwa kuwa limetoka Kiarabu halibadiliki kwa ngeli, kama safi na rahisi: nuru yabisi, ukuta yabisi, vitu yabisi. Huhitaji kuhangaika na viambishi. Basi msimulizi wako aseme nuru yabisi. Wahusika wako, hasa mafundi na watoto, waache waseme "mwanga mgumu" wakipenda. Watu hawazungumzi kwa istilahi.

Usiite hologramu. Hologramu, aliyoivumbua Dennis Gabor mwaka 1947 na kupewa Tuzo ya Nobel mwaka 1971, ni picha inayoonekana kuwa na kina, na ukiinyoshea kidole kinapita hewani. Wako ni mtambo wa kubuni, lakini haukosi chembe ya ukweli. Kwa kawaida miale miwili ya mwanga ikikutana hupishana kana kwamba hakuna kilichotokea. Mwaka 2013 watafiti wa vyuo vikuu vya Harvard na MIT, Marekani, wakiongozwa na Mikhail Lukin na Vladan Vuletić, walizipitisha fotoni, yaani chembe za nuru, katika wingu la atomu za rubidi, aina ya metali, lililopozwa mno, na fotoni zikatoka zimeshikana mbilimbili. Kutoka hapo hadi daraja ni mbali sana, lakini "kushikana" ni kitenzi kizuri kwako.

Kwa kazi ya mtambo wenyewe ningetumia kugandisha: mtambo unagandisha nuru. Angalia tu usiseme "nuru iliyoganda" peke yake, maana siku hizi hata picha kwenye kioo cha simu huganda, na msomaji atadhani kimekwama kitu.

Tufike kwenye "akalibomoa", ambako ndiko kwenye utamu. Kubomoa kunataka vifusi. Daraja la nuru likiondoka haliachi hata vumbi, kwa hiyo Kiswahili kinalivuta upande wa taa na moto: linazimwa. Na hapo unapata silaha ambayo mwandishi asiitupe. Daraja likizimwa, yupo aliyelizima. Likizimika, huenda ni umeme tu. Mhusika akianguka mtoni na shahidi akasema "daraja lilizimika", herufi chache zimemtoa mtu hatiani. "Bomoka" libakize kwa siku litakapopigwa kombora likavunjika vipandevipande, kama nuru yako inaweza kuvunjika. Hilo uliamue mapema.

Na "kwa mwanga"? Alijenga kwa mwanga kama wengine wanavyosoma kwa mwanga wa mshumaa: msomaji anaweza kuelewa kuwa aliwashiwa taa wakati wa kazi. Tumia "la" la unganifu, ligeuke kuwa aina ya daraja, kama la mbao au la chuma.

Sentensi ningeiandika hivi: "Alisimamisha daraja la nuru yabisi, akavuka, kisha akalizima." Shika hiyo -li-. Ukiandika "akaizima" umezima nuru, na huenda ni nuru yote iliyokuwa imewaka mahali pale; ukiandika "akalizima" limeondoka daraja peke yake, na wanaomfukuza wamebaki ng'ambo wakiwa wanamwona vizuri kabisa.