Mbwa wa Babu Yako

Mwanangu Neema,

Salamu nyingi. Hapa Nyegezi, Mwanza, tu wazima. Umeniuliza, Babu akihamia kwangu, mbwa wake Chui tumwachie nani kule Busisi, ng'ambo ya ziwa. Wa kumpokea hakosekani. Lakini nikimfikiria Chui inanijia siku ile ya kivuko.

Babu alikuwa apimwe macho Hospitali ya Bugando, nikamfuata mwenyewe. Daraja bado lilikuwa nguzo tu majini. Chui akaja nyuma yetu, akapenya kati ya pikipiki na matenga ya nyanya hadi ndani ya kivuko, akalaza kidevu juu ya kandambili ya Babu. Ndivyo anavyolala hata nyumbani, mzee asije akaondoka bila yeye kujua. Mama mmoja akapiga yowe: "Mbwa ashuke, atatuletea kichaa!" Babu akatoa ule mfuko wa nailoni anaotunzia kadi ya bima, akamwonyesha kadi ya chanjo ya Chui. Kila mwaka humchanja. Yule mama hata hakuitazama. Babu hakubishana. Alishika fimbo, akashuka na mbwa wake. Mimi nikavuka na begi lake la nguo mkononi.

Iliniuma, na bado inaniuma. Mimi si ndiye kifungua mimba wake? Halafu najijibu: hakuniacha mimi akamchagua mbwa. Tangu bibi yako atutoke, nani humwamsha alfajiri? Nani hushuka naye ziwani kutazama mitumbwi ya dagaa ikirudi? Nimesema siku zote, mzee lazima awe na kinachomtegemea. Hela mnazomtumia ni jambo jema, lakini hela haimngojei mtu mlangoni.

Mjomba wako anasema huyo ni mbwa tu. Kweli ni mbwa. Na uani kwangu ni padogo, wapangaji wana watoto, hilo nalo ni kweli. Lakini mzee lazima awe na kinachomtegemea!

Daraja la Kigongo–Busisi limefunguliwa tangu Juni 2025, kilomita kama 3, dakika chache tu umevuka. Tukikodi gari, hakuna wa kutupigia yowe. Unaona ninakoelekea, na ulimi unaniwasha kulisema. Nisilitamke, maana mbwa ni wake na uzee ni wake. Mpigie Jumapili akitoka kanisani. Anza kwa kumuuliza hali ya Chui, ndipo uje kwenye la kuhama. Akisema atafikiria, usimharakishe.

Mama yako