Usianze Kujiajiri kwa Mkopo wa Marejesho ya Kila Siku

Kijana aliyehitimu chuo akakosa ajira huambiwa neno moja kila apitapo: jiajiri. Ushauri huo si mbaya, lakini aghalabu anayeutoa haelezi mtaji utatoka wapi, na pengo hilo ndilo linalowapeleka wengi kwenye mikopo ya mitaani iitwayo kausha damu. Nilikaa Mwanza miaka kadhaa nikiwa na shahada isiyonipatia kazi, na nimeshuhudia majirani zangu, akina mama wauza dagaa na vijana wa bodaboda, wakibebewa magodoro na friji kwa sababu ya mikopo hiyo. Bado inaniuma.

Tuchukue mfano. Ukikopa shilingi 300,000 kwa sharti la kurejesha shilingi 13,000 kila siku kwa siku 30, utalipa shilingi 390,000, nawe utaambiwa kwamba riba ni asilimia 30. Ukweli ni mzito zaidi, kwa kuwa unaanza kurudisha fedha kesho yake, kabla mzigo haujauzika, na ifikapo katikati ya mwezi umekwisha kurejesha shilingi 195,000, ilhali riba imepigwa kwa fedha zote kana kwamba ulikaa nazo mwezi mzima. Sijaona biashara changa yenye faida ya kubeba mzigo huo. Siku ya mvua, siku ya kuuguliwa au siku dagaa wasipopatikana mwaloni, rejesho linadaiwa vilevile, na hapo ndipo mtu hukopa kwa wa pili ili amlipe wa kwanza.

Kwa asiye na mtaji, nashauri aanze na ujuzi. Mimi niliomba nafasi kwa fundi wa kuchomelea vyuma, nikawa nalipwa nauli na chakula tu, na nilipoanza kupata vibarua vyangu niliweka akiba katika kikundi cha kuweka na kukopa. Ujuzi wa namna hiyo haupotei bure, kwani VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, huwapima mafundi waliojifunzia kazini na kuwapa vyeti.

Mkopo uje baadaye, na uwe ule usio na riba. Kila halmashauri nchini Tanzania hutakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa ajili ya mikopo hiyo, ambayo hutolewa kwa vikundi: asilimia 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu. Utaratibu huo ulisitishwa mwaka 2023 ukarejeshwa mwaka 2024, kwa hiyo anayekwambia kwamba umekufa ana habari za zamani. Mwoneni afisa maendeleo ya jamii wa kata yenu, msajili kikundi, mfungue akaunti ya benki, na andiko la mradi liwe na bei mlizoziuliza wenyewe sokoni. Zaidi ya yote, chagueni wenzenu miongoni mwa watu mliokwisha kufanya nao kazi, msiwaokote siku ya kujaza fomu, kwa sababu mmoja akitoroka, deni lake hubaki kwa waliosalia.