Kwa unayeanza kumsoma Kafka: kazi zake kwanza, maisha baadaye

Pendekezo la utafiti juu ya Franz Kafka, mwandishi wa Prague aliyeandika kwa Kijerumani, ninaloletewa mara nyingi huwa na sura moja: baba mkali, mtoto mwoga, na vitabu vilivyozaliwa na woga huo. Nikilipokea tu najua mwanafunzi kasoma nini. Kasoma ile barua ndefu ambayo Kafka alimwandikia baba yake Novemba 1919, kurasa takriban mia moja za mwandiko wa mkono, basi kila kitu anakieleza kwa barua hiyo. Barua yenyewe ni tamu, na mtego uko hapo. Aliyeiandika ni daktari wa sheria, na kaipanga kama wakili anayejenga kesi. Karibu na mwisho anampa hata mshtakiwa, yaani baba, nafasi ya kujibu, ila maneno ya majibu anamtungia yeye mwenyewe. Baba hakuwahi kufikishiwa. Isome kama fasihi, usiichukue kama maelezo ya shahidi.

Kwa hiyo, mdogo wangu, anza na alivyochapisha mwenyewe akiwa hai. Ni vichache na ni vifupi: Das Urteil (Hukumu), Die Verwandlung (Mageuzi) ya 1915, In der Strafkolonie (Katika Koloni la Adhabu) ya 1919, na vijitabu vingine vya hadithi. Riwaya zote tatu hakuzimaliza. Alifariki Juni 1924 kwa kifua kikuu cha koo, akiwa na miaka 40, na rafiki yake Max Brod, aliyeachiwa maagizo ya kuchoma karatasi zote, akazichapisha: Der Process (Kesi) 1925, Das Schloss (Ngome) 1926, na mwaka uliofuata ile aliyoiita Amerika. Mpangilio wa sura za Der Process katika toleo la kwanza ni wa Brod, maana mwandishi aliacha mafungu ya karatasi. Ukitaka kujenga hoja kwamba sura fulani inaijibu nyingine, angalia kwanza unatumia toleo gani. Matoleo ya kitaalamu yaliyoanza kutoka 1982 yalirudi kwenye miswada.

Kijerumani chake kisikutishe. Sentensi ni ndefu, lakini maneno ni ya kawaida, ya mtu wa ofisini. Mwanafunzi aliyefika ngazi ya B1, yaani ya kati katika kujifunza lugha, anaweza kuisoma Die Verwandlung polepole, kamusi ikiwa pembeni. Na asome mambo madogo. Gregor Samsa, mhusika mkuu wa hadithi hiyo, kaamka mdudu, na hajamaliza hata kuushangaa mwili wake kabla ya kuanza kuilalamikia kazi. Halafu anaona saa: ni saa kumi na mbili na nusu asubuhi, treni ya saa kumi na moja imeshaondoka, inayofuata ni ya saa moja. Ukurasa mzima anapiga hesabu za kuchelewa! Wanafunzi wanalikimbia hilo waende kubishana ni mdudu wa aina gani, wakati Kafka mwenyewe alimwomba mchapishaji mdudu asichorwe kwenye jalada hata kwa mbali.

Hapo ndipo maisha yake yanapoanza kukufaa, na ninayoyasema ni maisha ya kazini, ambayo wengi huyapita haraka. Kuanzia 1908 hadi 1922 Kafka aliajiriwa Prague na taasisi ya bima ya ajali za wafanyakazi ya Ufalme wa Bohemia. Tafuta ripoti yake ya 1910 kuhusu mashine za kuranda mbao. Anaeleza jinsi shafti ya pembe nne, mhimili unaozunguka ukiwa na visu, inavyoacha mwanya kati ya visu na meza, vidole vikaingia humo; kisha anapendekeza shafti ya mviringo, na michoro ya mikono iliyokatika vidole ipo. Ukitoka hapo fungua In der Strafkolonie, usome afisa anavyomweleza msafiri kipande kwa kipande mashine inayomwandikia mfungwa hukumu mwilini. Utulivu wa maelezo ni uleule. Kwangu mimi ripoti hiyo ina faida kuliko nusu ya uhakiki wa kisaikolojia uliojaa maktabani.

Barua kwa wanawake zisome kwa tahadhari. Alizomwandikia Felice Bauer, aliyechumbiana naye mara mbili, ni mamia, lakini za Felice hazikubaki, kwa hiyo unasikia upande mmoja tu. Na nukuu nyingi zinazozunguka mtandaoni zinatoka kwenye kitabu cha mazungumzo cha Gustav Janouch, ambacho wataalamu wengi wanakitilia shaka. Usizitumie.

Jambo la mwisho, chora jedwali la tarehe kwenye daftari lako. Chukua 1914. Julai, uchumba wa kwanza na Felice unavunjika hotelini Berlin. Tarehe 2 Agosti anaandika kwenye shajara kwamba Ujerumani imetangaza vita dhidi ya Urusi, na kwamba mchana ni kuogelea. Mwezi huohuo anaanza Der Process. Oktoba anachukua likizo ili aiendeleze, na humohumo anaandika In der Strafkolonie. Lipi limezaa lipi, au kama kuna lililozaa jingine, utaamua wewe, na msimamizi wako atakutaka ulitetee ukiwa na ukurasa wa kitabu mkononi.