Kwa nini biti yako ya sinthi-pop (pop ya vinanda vya umeme) haina majonzi

Mkuu, umeuliza kwa nini biti yako inachangamka kama tangazo la sabuni, ilhali unataka majonzi ya bendi za Yugoslavia za miaka ya 80, kama Denis & Denis wa Rijeka kwenye albamu yao Čuvaj se! (1984). Umesema unapiga kodi (noti kadhaa zinazopigwa pamoja) za Am, F, C, G. Hapo ndipo penye kosa: C na G zinafungua dirisha. Piga Am, F, Dm, Em, baa moja kila kodi. Em ibaki maina, yaani kodi ya huzuni. Ukiigeuza E meja, ile ya furaha, noti ya G# italivuta sikio kurudi nyumbani, na huzuni itakuwa imepata jibu.

Usishushe kasi hadi mapigo 80 kwa dakika. Weka 116. Miguu icheze, huzuni ibebwe na kinanda na sauti. Besi noti nane kwa baa, fupi, ikirukaruka oktavu, na bila korasi kabisa (si kiitikio, ni kile kifekti kinachotanua na kuyumbisha sauti), maana ikiyumba wimbo wote unakosa mguu.

Kinanda cha nyuma ndicho roho ya kazi. Ukiiga sintesaiza ya Roland Juno-60 ya 1982, usirundike osileta (vizalisha wimbi la sauti) tatu zilizopishanishwa. Mashine ile ina osileta moja kwa kila sauti, yaani kila noti inayolia. Upana wake unatoka kwenye korasi. Chukua wimbi la msumeno, funga filta (kichujio cha sauti kali) karibu na Hz 900, mlio upande kwa milisekunde 300 na ufifie kwa sekunde 1.5 ukiachia kibonye. Halafu weka kikomo cha sauti 6 kwenye programu, yaani noti 6 kulia kwa pamoja. Kodi ya noti tatu itaacha mkia wa kodi iliyotangulia uishe wenyewe. Ukipiga noti nne, mbili za nyuma zinakatwa ghafla na utasikia shimo. Chini ya Hz 200 kata yote, pale ni pa besi. Sikiliza pia kwa mono (kushoto na kulia vikiunganishwa kuwa kimoja): kinanda kikififia, korasi imezidi.

Sneya, ile ngoma ya mlio mkali, ipe mwangwi wa sekunde 2, kisha geti (kifaa kinachokata sauti) ifunge kwenye milisekunde 250. Kwa kasi ya 116 noti za besi zinapishana kwa milisekunde 259, hivyo mkia wa sneya unakufa kabla ya noti ya besi inayofuata. Ukiuacha mrefu, kila kitu kinageuka ukungu.

Mwimbaji asilie. Aisogelee maiki, aimbe chini, karibu kunong'ona, kama Marina Perazić, mwimbaji wa bendi ile ya Rijeka.