Mshumaa wa mahaba, au luku imeisha?

"Shangazi, mimi ni mwalimu wa fasihi. Tangu niache kazi ili niandike mashairi, mke wangu amebadilika. Juzi niliwasha mshumaa nikamsomea Soneti ya 91 ya Shakespeare, ile isemayo penzi lako ni bora kuliko nasaba, utajiri na mavazi ya thamani. Akacheka mpaka akatoka nje. Siku hizi anawaza vitumbua vyake tu. Je, anapenda pesa kuliko mimi?"

Pole, mwanangu. Kuchekwa kunauma. Pole imeisha, sasa tuseme kweli.

Huo mshumaa uliuwasha kwa mahaba, au luku ilikuwa imeisha? Umeniandikia kurasa tatu, na kodi ya nyumba hujaitaja hata mara moja. Basi nimeshajua nani anailipa. Huyo anayewaza vitumbua ndiye anayekulisha.

Soneti yenyewe, hilo shairi la mistari 14, naijua, ilichapwa 1609. Mle anayeyakataa makuu ni mshairi mwenyewe: wengine wajivunie ukoo, nguvu, farasi na mwewe wao wa kuwindia, yeye penzi linamtosha. Hakumwambia mpenzi wake ashinde njaa! Na mwisho wake mbona umeuruka? Mistari miwili ya mwisho anakiri hofu yake: mpenzi akitaka, ataondoka na vyote, amwache fukara. Hapo ndipo ulipofika wewe, ila hujajijua. (Tena wataalamu wengi husema anayesifiwa mle ni kijana wa kiume. Mkeo angelijua hilo, angecheka hadi asubuhi.) Na huyo Shakespeare wako alinunua jumba zima, New Place, mwaka 1597, kule Stratford walikokuwa mkewe na binti zake.

Raleigh, mshairi wa zama hizohizo za Shakespeare, hamkumsoma? Mshairi mwenzake, Marlowe, alimtunga mchungaji anayembembeleza binti kwa vitanda vya waridi na gauni la sufi. Raleigh akamtungia binti jibu: maua hunyauka, gauni huchakaa. Mkeo kacheka tu, mpole huyo.

Ndoa za siku hizi zimejaa wanaume kama wewe, ulimi una asali na mfuko umetoboka. Mkono mtupu haulambwi, baba.

Kesho amka saa 10 alfajiri, umwashie jiko la vitumbua. Kukicha, nenda kaombe kazi ya kufundisha. Soneti msomee jioni luku ikiwepo, na safari hii uisome mpaka mstari wa 14.