Benki ya maswali ya CISA: asilimia 90 isikudanganye

Dada yangu wa Malindi, umeuliza kama kurudia benki ya maswali hadi upate asilimia 90 kunatosha kufanya mtihani wa CISA, ule wa cheti cha ukaguzi wa mifumo ya taarifa. Hakutoshi. Ukirudia yale yale unakariri majibu tu, na mtihani una maswali 150 mapya kwa saa 4.

Kwa kila swali, hata ulilopata, jieleze kwa sauti kwa nini yale majibu mengine matatu hayafai. Hapo ndipo elimu ilipo. Chukua hoteli unayofanyia kazi: karani wa mapokezi ameacha kazi, lakini akaunti yake bado inafungua mfumo. Mkaguzi afanye nini kwanza? Wewe fundi wa kompyuta mkono utakuwasha uifute. Mkaguzi hafuti, dada. Anachunguza kama imetumika tangu aondoke, kisha anaripoti. Maneno “kwanza” na “bora zaidi” yasome mara mbili, swali zima limejificha humo.

Uendeshaji wa mifumo na ulinzi wa taarifa vina asilimia 26 ya mtihani kila kimoja, kwa hiyo anzia huko. Maswali ya mtihani yaliyoibwa na kuuzwa mitandaoni yaache kabisa. Tumia benki ya ISACA wenyewe, chama kinachotoa mtihani huu, na weka tarehe ya mtihani utakapoweza kujibu maswali ambayo hujawahi kuyaona.